Kusaga Upepo

Mwaka 1818 mahakimu wa mji wa Bury St Edmunds, mashariki mwa Uingereza, walimlalamikia mhandisi mmoja kwamba wafungwa wa gereza lao wanashinda wamekaa bure. Mhandisi huyo, William Cubitt, hakuwa mkatili wala mjinga. Alikuwa mjuzi wa vinu vya upepo, na miaka kadhaa kabla ya hapo alikuwa amebuni mabawa ya vinu yaliyojirekebisha yenyewe upepo ulipobadilika. Baadaye angesimamia ujenzi wa jumba kubwa la vioo la maonyesho ya London ya mwaka 1851 na kutunukiwa cheo kwa kazi hiyo. Kwa wafungwa alibuni gurudumu pana la kukanyaga, lenye vidato kuzunguka mgongo wake wote. Mfungwa alishika ufito ulio mbele yake, akakanyaga kidato, kidato kikashuka kwa uzito wake, akakanyaga kilichofuata nacho kikashuka, na kwa namna hiyo akapanda ngazi saa nenda saa rudi pasipo kuondoka mahali alipo.

Hapo mwanzo gurudumu lilikuwa na shughuli. Katika baadhi ya magereza lilisaga nafaka, katika mengine lilivuta maji. Lakini si kila gereza lilikuwa na nafaka ya kusaga au kisima cha kuvuta, na wakuu wa magereza waligundua upesi kwamba gurudumu liliadhibu vilevile hata pale ambapo halikuzalisha kitu. Kwa hiyo katika magereza mengi mhimili wake uliunganishwa na mapanga makubwa yaliyowekwa nje, juu ya paa, ambayo kazi yake ilikuwa kushindana na hewa ili gurudumu lisizunguke kwa wepesi. Wafungwa wenyewe walisema kwamba wanasaga upepo. Viwango vilivyokuja kuwekwa baadaye, serikali kuu ilipoyatwaa magereza yote ya nchi, vilimtaka mfungwa apande futi 8,640 kwa siku, yaani zaidi ya mita 2,600. Mtu anayepanda kiasi hicho kwenye Mlima Kilimanjaro, kuanzia lango la Marangu, anakuwa amekikaribia kibanda cha Kibo, juu ya mawingu, na usiku huohuo au unaofuata ataanza safari ya kileleni. Mfungwa alishuka kwenye kidato chake cha mwisho akiwa kwenye sakafu ileile aliyoanzia asubuhi.

Kwa desturi makala juu ya kazi isiyo na maana huanza na yule mfalme wa hadithi za Wagiriki anayesukuma jiwe mlimani milele. Nimemwacha makusudi. Yeye aliadhibiwa na miungu, nasi hatuna namna ya kuwahoji miungu. Gurudumu la Cubitt liliamuliwa na kamati, likatengewa bajeti, likatembelewa na wakaguzi walioandika taarifa safi zenye majedwali, na kila mmoja wao alirudi nyumbani jioni akiamini kwamba ametimiza wajibu wake. Upuuzi wa namna hiyo ndio tunaoujua sisi tulioajiriwa. Haushuki kutoka mbinguni. Unakuja na barua yenye kumbukumbu namba.

Katika maelezo yote ya gurudumu lile, kilichonifanya nisimame na kusoma tena ni mbao. Magurudumu mengi yaliwekewa vizuizi vya mbao kati ya mfungwa na mfungwa, hivi kwamba watu waliokuwa wakizungusha chombo kimoja kwa miguu yao, bega kwa bega, hawakuweza kuonana wala kusemezana. Mbao hizo zilikuwa za nini? Kama shabaha ilikuwa kuchosha miguu, ubao hauongezi uchovu hata chembe. Sababu iliyotajwa rasmi ilikuwa ya kimaadili, kwamba mhalifu sugu asimfundishe mgeni, na sina shaka kwamba walioitaja waliiamini. Hata hivyo naona kwamba waliojenga vile vizuizi walijua jambo jingine pia, hata kama hawakuliandika. Walijua kwamba watu wawili wakipanda pamoja ngazi isiyofika popote, kabla ya saa kupita mmoja atasema neno na mwingine atacheka, watapeana habari za nyumbani, watahesabu vidato kwa wimbo, na gurudumu lililojengwa kusaga upepo litageuka kuwa baraza. Ndiyo sababu serikali ilikubali kulipia mbao.

Nasema hivi kwa sababu naamini kwamba kinachoiondolea kazi maana kwa kawaida ni ubao wa namna hiyo: kitu kinachosimama kati ya anayeifanya kazi na mtu mwingine, awe ni mwenzake anayefanya naye au ni yule ambaye kazi inamwendea. Ugumu wa kazi ni jambo jingine, na udogo wa zao lake ni jambo jingine kabisa.

Mimi ni afisa ufuatiliaji na tathmini. Kwa msomaji ambaye hajawahi kukutana na watu wa aina yetu, ni sisi tunaokuja kijijini na kishikwambi baada ya mafundi kuondoka, tukiuliza maswali ambayo majibu yake yanapanda kwenye mfumo, yanajumlishwa wilayani, yanajumlishwa tena makao makuu, na hatimaye yanakuwa mstari mmoja katika bango kitita la mfadhili, yaani lile jedwali la malengo ya mradi na viashiria vya kuyapimia. Nimefanya kazi hiyo kwa miaka kadhaa katika mradi wa maji na usafi wa mazingira, kwenye vijiji vikame vya katikati ya Tanzania, ambako kiangazi kinaanza mapema na mwanamke anaweza kupoteza nusu siku akisubiri zamu kwenye kituo cha kuchotea maji. Sina lawama juu ya kuhesabu. Mradi usiojihesabu ni rahisi kuliwa, na nimeona iliyoliwa.

Katika dodoso letu la kaya kulikuwa na swali juu ya vyombo vya kuhifadhia maji: kaya ina ndoo ngapi zenye mfuniko, na ngapi zisizo na mfuniko. Swali hilo liliwekwa mwanzoni mwa mradi, wakati ambapo palikuwa na mpango wa kugawa ndoo pamoja na mafunzo ya afya. Mpango wa kugawa ndoo ulifutwa. Kiashiria chake kikaondolewa kwenye bango kitita. Swali likabaki, kwa sababu fomu ilikuwa imeshaingizwa kwenye mfumo, na kulitoa kulihitaji idhini ya mtu ambaye hakuna aliyejua ni nani. Basi kila robo mwaka wadadisi wetu, vijana waliosoma, waliolipwa posho halali, waliingia uani kwa watu na kuhesabu ndoo. Walihakikisha kwa macho, maana mwongozo ulitaka jibu lithibitishwe kwa kuona. Mimi nililinganisha takwimu za robo hii na za robo iliyopita, nikaandika aya ya ufafanuzi pale ambapo ndoo zilipungua, na nikapandisha taarifa. Mfumo ulijibu kwa alama ya kijani.

Bibi mmoja tuliyemtembelea kwa uthibitisho alimsikiliza mdadisi mpaka mwisho, akazitoa ndoo zake moja moja na kuzipanga, kisha akanigeukia mimi kwa kuwa nilionekana mkubwa wa msafara. "Mjukuu wangu," alisema, "ndoo zangu mmezijua kuliko mimi. Sasa mnazihesabia nini, na bomba limekauka tangu mavuno?" Mdadisi aliangalia kishikwambi chake. Hapakuwa na sehemu ya kuandika jibu hilo. Kituo cha maji kilikuwa na dodoso lake tofauti, linalojazwa na timu nyingine, na kwa mujibu wa dodoso hilo kituo kilikuwa kinafanya kazi.

Nilipofuatilia ndipo nilipojua kwamba kiashiria cha ndoo kilikuwa kimeshafutwa. Mwenzangu wa makao makuu, aliyekuwa akipokea takwimu zangu, hakuwa mzembe. Yeye naye alikuwa na jedwali lake la kujaza, na safu ya ndoo ilipofika kwake aliijumlisha kwa uangalifu, akaihifadhi, na haikuenda mbele zaidi. Hakuna aliyedanganya. Kila mmoja alikanyaga kidato chake, akiwa na ubao kulia na ubao kushoto, na kazi ya pamoja ya watu wote hao, wadadisi, madereva, wahasibu wa posho, bibi mwenyewe aliyezipanga ndoo zake kwenye jua, iliishia mahali ambapo hapakuwa na mtu.

Wapo watakaosema kwamba ninalalamika kwa kushiba. Mshahara uliingia, karo za watoto zililipwa, na huo ndio umaana wa kazi. Anayetaka zaidi ya hapo akatafute msikitini au kanisani. Naiheshimu hoja hii kuliko hoja nyingi za vitabuni, kwa sababu wanaoitoa ni watu waliowahi kukosa mshahara. Lakini inajibu swali jingine. Mshahara unaeleza kwa nini mtu anakwenda kazini. Hauelezi kwa nini mtu yuleyule, aliyelipwa kwa wakati na kwa haki, anarudi nyumbani akiwa hana la kusimulia. Mama anayechoma vitumbua alfajiri anachoka kunizidi na analipwa chini yangu, na kufikia saa mbili asubuhi ameshawaona kwa macho watu waliokula kazi yake, akiwemo mmoja aliyelalamika kwamba leo sukari ni kidogo.

Niliposoma zaidi juu ya adhabu za Waingereza nilikuta kwamba gurudumu lilikuwa na ndugu yake mbaya zaidi. Ilikuwa ni mashine ndogo ya kuwekwa ndani ya chumba cha mfungwa mmoja: sanduku au pipa lenye mpini ubavuni, ambao ukizungushwa unasukuma makasia ndani ya mchanga, au unashindana na breki tu, na haufanyi jambo jingine lolote. Askari angeweza kukaza skrubu na mpini ukawa mzito. Hapa hapakuhitajika mbao, kwa kuwa kuta za chumba zilitosha. Kulikuwa na kihesabio kilichoonyesha mizunguko, na kihesabio ndicho kilichokuwa shahidi pekee wa kazi ya mtu huyo.

Gereza la Birmingham ndilo linaloifanya habari hii kuwa ngumu kusahaulika, kwa sababu ndani ya miaka michache lilikaliwa na fikra mbili zinazopingana. Lilifunguliwa mwaka 1849, na mkuu wake wa kwanza alikuwa Alexander Maconochie, kapteni wa zamani wa jeshi la majini, aliyewahi kuwa profesa wa kwanza wa jiografia wa University College London, kisha msimamizi wa koloni la wafungwa la kisiwa cha Norfolk, mashariki mwa Australia, tangu 1840 hadi 1844. Maconochie alikuwa na wazo moja alilolishikilia maisha yake yote: mfungwa asihukumiwe muda, ahukumiwe kazi. Apewe idadi ya alama anazopaswa kuzipata kwa juhudi na mwenendo wake, na siku atakapozitimiza mlango ufunguliwe. Katika hatua mojawapo ya mpango wake wafungwa walipaswa kuunganishwa katika vikundi vya watu sita hivi, kila mmoja akiwajibika kwa alama za wenzake, hivi kwamba uvivu wa mtu ungewaumiza watu anaowajua kwa majina, na bidii yake ingewafaa. Kwa maneno mengine, aling'oa mbao. Jasho la leo lilikuwa na upande wa pili, na upande huo ulikuwa na sura ya mwenzako na sura ya lango.

Mwaka 1851 mahakimu wa Birmingham walimwondoa, na nafasi yake ikachukuliwa na msaidizi wake, Luteni William Austin, ambaye alipenda nidhamu inayopimika. Chini ya Austin mfungwa wa mpini alitakiwa kuzungusha mara 2,000 ndipo apate kifungua kinywa, 4,000 nyingine ndipo apate chakula cha mchana, na 4,000 tena kabla ya chakula cha usiku. Kihesabio kisipofika, chakula kilizuiliwa. Mwaka 1853 aliletwa kijana wa miaka 15, Edward Andrews, aliyehukumiwa miezi mitatu kwa kuiba nyama ya ng'ombe. Alishindwa kutimiza mizunguko, akaadhibiwa, akashindwa tena kwa kuwa alikuwa ameadhibiwa, na mwezi Aprili mwaka huo alijinyonga chumbani mwake. Tume ya kifalme iliundwa, ikasikiliza mashahidi, na Austin mwenyewe mwishowe alishtakiwa na kuhukumiwa kifungo. Tume hiyo, kwa haki, haikumwacha Maconochie bila lawama. Naye alikuwa ametoa adhabu ambazo sheria haikuziruhusu. Watu wenye mawazo mazuri huwa hawana subira na taratibu, jambo ambalo sisi wa ufuatiliaji tunalijua kwa uchungu.

Ninachokiona Birmingham, nikisoma kwa macho ya kazi yangu, ni viashiria viwili. Alama za Maconochie na mizunguko ya Austin zote zilikuwa namba, zote ziliandikwa kwenye daftari, na mkaguzi mwenye haraka asingeona tofauti yake. Alama ilikuwa inaelekea kwa mtu, wakati mzunguko ulielekea kwenye mzunguko unaofuata. Gurudumu na mpini viliendelea kwa zaidi ya miaka 40 baada ya kifo cha Andrews. Oscar Wilde, mwandishi aliyekuwa gumzo la London, alikanyaga gurudumu katika gereza la Pentonville mwaka 1895, mwaka uleule ambao kamati ya Herbert Gladstone ilipendekeza mashine hizo ziondolewe, na sheria ya mwaka 1898 ndiyo iliyozimaliza.

Mpaka hapa msomaji anaweza kukubaliana nami kwa urahisi kupita kiasi, akidhani kwamba dawa ni kuipa kazi zao la manufaa: gurudumu lisage mahindi, mpini uvute maji, mambo yaishe. Ningependa iwe hivyo, ila historia yetu wenyewe ya Afrika Mashariki inakataa.

Tarehe 3 Machi 1959, katika kambi ya Hola kando ya Mto Tana nchini Kenya, zaidi ya watu 80 waliokuwa kizuizini walitolewa kwenda kazini chini ya askari wenye marungu. Serikali ya kikoloni iliwaita watu hao sugu. Walikuwa wameshikiliwa kwa sababu ya vita vya Mau Mau, na walikuwa wamekaa kizuizini bila ya kuhukumiwa na mahakama yoyote. Kazi waliyoamriwa haikuwa ya kusaga upepo. Ilikuwa ni kazi ya mradi wa umwagiliaji, katika nchi kavu ambako maji ya mto yakifikishwa shambani pamba inaota, na kilimo cha umwagiliaji cha Hola kiliendelea baada ya uhuru. Bango kitita lolote lingeipitisha kazi hiyo: ina lengo, ina zao, ina wanufaika.

Waliikataa. Katika kambi zile kushika jembe kulikuwa kumefanywa kuwa ushahidi wa kusalimu amri, hatua ya kwanza katika mlolongo ambao mwisho wake ni mtu kukiri na kukikana kiapo chake. Ardhi iliyokuwa ikichimbwa ilikuwa mbali na makwao, ikichimbwa kwa amri ya watu waliowachukulia ardhi yao. Mfereji ungepeleka maji shambani, ni kweli, lakini kwao kila jembe lililoinuliwa lilikuwa linaandika kauli ambayo wao hawakuisema. Ofisa wa magereza, John Cowan, alikuwa ameandaa mpango wa kuwachukua kwa vikundi na kuwalazimisha; siku ile walipigwa, na 11 wakafa. Taarifa ya kwanza ya serikali ilidai kwamba walikufa baada ya kunywa maji kutoka kwenye gari la maji. Ukweli ulipotoka ulilitikisa Bunge la Uingereza mwezi Julai mwaka huo, na haukuacha la kutetea katika mfumo mzima wa kambi.

Hola ndiyo iliyonifundisha kwamba manufaa ya zao hayatoshi. Mfereji unaweza kuwa wa kweli, maji ya kweli, pamba ya kweli, na bado kazi ikawa ni kukanyaga gurudumu, ikiwa anayechimba amenyimwa nafasi ya kusema anamchimbia nani na kwa nini. Nimesikia wataalamu wa maendeleo wakishangaa kwamba wanakijiji hawajitokezi kuchimba mtaro wa bomba lao wenyewe. Sisemi kwamba mambo hayo yana uzito mmoja. Kulinganisha uvivu wa kuitikia msaragambo na mauaji ya Hola kungekuwa kuwavunjia heshima wafu. Nasema tu kwamba swali la "wao wenyewe" halijibiwi kwa kuchora ramani ofisini.

Kinyume chake nakikuta katika kisiwa cha Robben, ng'ambo ya Cape Town. Mwaka 1965 Nelson Mandela na wenzake walianza kupelekwa kwenye chimbo la chokaa, wakiambiwa kwamba kazi hiyo ni ya miezi sita. Iliendelea kwa takribani miaka 13. Mwanga wa jua uliorudishwa na kuta nyeupe uliwaharibu macho, na maombi yao ya miwani ya jua yalichukua karibu miaka mitatu kukubaliwa. Kama ni upuuzi, huu ulikuwa umekamilika. Lakini chimboni hapakuwa na mbao. Askari walichoka kuwafuata midomoni, na watu wale, wakiwa na sururu na makoleo mikononi, walianza kufundishana. Walter Sisulu alifundisha historia ya chama cha ANC kwa mpangilio, somo kwa somo. Wengine walibishana juu ya uchumi, sheria, dini, na juu ya mambo madogo ambayo wanaume waliofungwa pamoja hubishania. Wafungwa walikuja kulisema gereza lile kuwa ni chuo kikuu. Mwaka 1995 baadhi yao waliporudi kutembelea chimbo hilo, Mandela aliweka jiwe chini, na wenzake wakaweka ya kwao juu yake, na lundo hilo lipo hadi leo.

Huwa nasikia habari hii ikitolewa kama mfano wa nguvu ya nafsi ya mtu mmoja, kwamba ukiwa na moyo imara unaweza kukipa maana kitu chochote. Sikubaliani. Chokaa haikupata maana hata siku moja, wala hakuna aliyejisingizia kuipenda. Maana ilikuwa kwa jirani, kwenye mdomo na sikio la mtu aliye hatua mbili pembeni. Weka ubao kati yao, na Mandela yuleyule, na moyo wake uleule, angebaki na chokaa na mwanga. Semina za motisha zinazotuambia tutafute maana ndani yetu wenyewe, zikitolewa kwa watu waliokalishwa kila mmoja mbele ya skrini yake, naziona kuwa ni jambo la kustaajabisha. Anayejenga ubao anawauliza walio pande mbili za ubao kwa nini hawana furaha.

Nchini kwetu kazi imeimbwa sana. Tuliupokea uhuru kwa wito wa Uhuru na Kazi, na mwaka 2015 tulipiga kura chini ya kaulimbiu ya Hapa Kazi Tu, na kati ya miaka hiyo sijui kama kuna awamu iliyopita bila kutuhimiza tufanye kazi kwa bidii. Bidii hatujaikosa. Wadadisi wetu wa ndoo walikuwa na bidii.

Wazo la kubadili namna tunavyofanya kazi yetu halikutoka kwangu. Lilitoka kwa mmoja wa wadadisi, binti aliyekuwa amechoka kuulizwa maswali asiyoweza kuyajibu. Alisema kwamba sheria inautaka mkutano mkuu wa kijiji ukutane kila baada ya miezi mitatu, nasi tunakusanya takwimu kila baada ya miezi mitatu, basi kwa nini tusiwasomee? Haikuhitaji fedha wala idhini ya mfadhili. Tuliandika takwimu za kijiji kwenye karatasi kubwa, kwa kalamu ya wino mnene, na mwenyekiti alipomaliza ajenda zake tukaomba dakika chache.

Tuliposoma kwamba vituo vyote vya kuchotea maji vinafanya kazi, watu walicheka, kisha wakaacha kucheka. Ilitubidi tueleze kwamba kwa mujibu wa mwongozo kituo kinahesabiwa kuwa kinafanya kazi kama maji yalitoka siku ya ukaguzi. Mzee mmoja aliuliza ni nani alichagua siku ya ukaguzi. Mwanamke mwingine akataka kujua fedha za jumuiya ya watumia maji ziko wapi, maana karatasi yetu ilionyesha makusanyo na pampu haijatengenezwa. Mhazini alikuwepo. Mkutano uliokuwa uishe mchana uliendelea mpaka kivuli cha mwembe kikahama, na sehemu kubwa ya yaliyosemwa haikuwa na adabu. Ndoo hazikumvutia mtu yeyote. Mtu mmoja alipendekeza mstari huo tuukate ili karatasi ibaki na nafasi, nasi tukaukata.

Tangu hapo kazi yangu imekuwa ngumu zaidi. Wadadisi wanabishiwa barabarani, na inawabidi wajue walichokiandika na sababu ya kukiandika. Takwimu zinachelewa kupanda kwenye mfumo kwa kuwa baadhi zinarudishwa kijijini kuhakikiwa, na nimepokea barua pepe za kunikumbusha tarehe ya mwisho. Safu ya ndoo bado imo kwenye fomu na bado tunaijaza, kwa kuwa mfumo haukubali kuachwa wazi. Mtendaji wa kijiji hakupendezwa. Kabla ya mkutano wa robo iliyofuata alinipigia simu kwa heshima zote, akaomba tumpelekee ile karatasi ofisini kwake aipitie kwanza. Binti yule alisema tumwambie ataisikia pamoja na wenzake, na ndivyo nilivyomwambia.